Video ya skrini tatu kuhusu kuzaliwa na kufa, ndani ya nyumba ya mawe Bagamoyo: naomba ushauri wa kiufundi

boriti9

Wakuu, salaam.

Kuna kazi ya video inaandaliwa kuonyeshwa kwa siku tatu mfululizo, usiku, katika nyumba ya kale ya mawe ya matumbawe huku Mji Mkongwe, Bagamoyo. Nyumba ina vyumba vitatu vilivyofuatana, kila kimoja kina upana wa mita 2.7 na urefu wa mita 7, dari ya boriti na chokaa. Skrini ya kwanza ni mtoto mchanga. Ya pili ni mtu mzima anayetoka gizani na kupita kwenye pazia la maji. Ya tatu ni bibi mmoja mgonjwa wa siku nyingi; watoto wake wamekubali arekodiwe hadi siku zake za mwisho. Hakuna maneno wala kisa. Ni uso, pumzi na maji, kwa mwendo wa polepole sana. Atakayeijua Nantes Triptych ya Bill Viola, msanii wa video wa Marekani (1992), au Ocean Without a Shore (2007) ataelewa kinachotafutwa.

Vifaa vilivyopo: simu inayorekodi fremu 240 kwa sekunde kwa 1080p, projekta tatu za taa ya kawaida, lumeni 3000 kila moja, uwiano wa umbali 1.5, spika tatu na laptop moja.

Majaribio yamekwama sehemu tatu. Video ya polepole ikichezwa, mwanga unachezacheza kama taa inayotaka kuungua. Pazia la maji linachanika, linakuwa nyuzi nyuzi kabla halijafika kifuani. Na projekta zikielekezwa ukuta wa upande, picha ni ndogo kwa sababu chumba ni chembamba. Kuhusu skrini ya tatu, maoni yoyote yanapokelewa, hata ya kukataza.

---

pazia_jeusi

Mkuu, nianze na mwanga, maana ukikosea hapo hayo mengine hayana maana.

Umeme wetu ni wa mizunguko 50 kwa sekunde, na taa ya LED ya bei ndogo inazima na kuwaka mara 100 kwa sekunde. Jicho halioni, ila fremu 240 zinaona. Ukiichezesha hiyo video kwa fremu 25, umeinyoosha mara 9.6, kwa hiyo yale mapigo 100 yanabaki takriban 10 kwa sekunde. Ndiyo huo mchezo unaouona. Usihangaike kuutibu kwenye programu. Utapata uso uliofifia kama umesuguliwa. Tibu chanzo. Dawa ya kwanza ni jua. Ya pili ni taa za LED za volti 12 zilizounganishwa moja kwa moja kwenye betri ya gari, bila kipunguza mwanga katikati, kwa sababu vipunguzaji vingi navyo hufanya kazi kwa kuzima na kuwasha.

Jua la Bagamoyo lina shida yake. Kuanzia saa 5 hadi saa 8 mchana liko juu ya utosi, na macho yanakuwa mashimo meusi. Rekodi kati ya saa 2 na saa 4 asubuhi, au kuanzia saa 9 alasiri, uani, na upande wa kivuli weka shuka jeupe la kurudisha mwanga. Mwanga unaohitaji si mdogo: shata ya 1/480 (yaani kila fremu inapokea mwanga kwa sehemu hiyo tu ya sekunde) inataka karibu mara 10 ya mwanga wa shata ya 1/50 uliyoizoea. Ukikosa, nenda 1/240, ambayo inataka mara 5 tu. Usiiachie simu ijiamulie. Itapandisha ISO (wepesi wa kunasa mwanga) na giza litajaa chenga.

Kabla ya yote hakikisha simu yako inarekodi fremu 240 za kweli. Zipo zinazorekodi 120 kisha zinabuni zilizobaki. Rekodi tone la maji likianguka, kisha pitia fremu moja moja. Ukiona tone limesimama fremu mbili kisha linaruka, au lina kivuli chake pembeni, hizo fremu ni za kubuni. Pia simu nyingi hurekodi kwa kasi inayopandashuka, ikiandika 240 huku ikitoa 236 au 241. Geuza faili iwe na kasi thabiti kwanza, ndipo uiambie programu ya kuhariri kwamba klipu ni ya fremu 25. Usitumie kitufe cha kupunguza kasi kwa asilimia, kwa sababu programu inaweza kuchanganya fremu jirani.

Mahesabu ya muda ni mepesi: sekunde 60 za kweli zinakuwa dakika 9 na sekunde 36. The Greeting ya Viola, ya 1995, ilirekodiwa kwa filamu ya milimita 35 kwa kasi ya fremu 300, na sekunde kama 45 zikawa takriban dakika 10. Yaani uko kwenye uwanja uleule kwa simu ya mkononi. Kilichobaki ni mwigizaji.

Kosa kubwa linalofanyika ni mwigizaji kwenda polepole. Hapana. Atende kwa kasi yake ya kawaida, hata haraka kidogo. Kamera ndiyo inayonyoosha. Akijivuta mwenyewe, misuli ya shingo inakaza na mtazamaji anaona juhudi badala ya huzuni. Wasanii waliopita TaSUBa, chuo cha sanaa cha Bagamoyo, utawapata hapohapo mjini, ila aliyezoea jukwaa ametengeneza uso wa kuonekana na mtu wa mstari wa mwisho, na huku mtazamaji yuko mita moja. Usimwambie «lia». Mpe vituo vinne ndani ya dakika moja: anasubiri, anasikia, anakataa kuamini, anaachia pumzi. Kinachovutia ni njia kati ya kituo na kituo, pale uso unapokuwa bado haujaamua. Kwa kasi ya kawaida hiyo inapita chini ya nusu sekunde na hakuna anayeiona. Ikinyooshwa inakaa sekunde 4 au 5 nzima mbele ya watu. Ndiyo sababu pekee ya kutumia mwendo wa polepole. Kama huitafuti hiyo, fremu 25 za kawaida zinatosha.

Nafasi ya kuhifadhi: tenga karibu MB 480 kwa dakika moja ya fremu 240 kwenye HEVC (mfumo wa kubana video). Na simu juani inachemka na kujizima, kwa hiyo iweke kwenye kivuli cha mwavuli hadi dakika ya kurekodi.

Kwa mtoto mchanga usiweke taa yoyote. Mwanga wa dirishani, fremu 120, basi.

---

FundiGata

Pazia la maji linachanika kwa sababu mbili: maji yanaingia kwenye mfereji yakiwa na vurugu, na ukingo hauko sawa. Nadhani umetoboa bomba la PVC ukaliacha limwage. Bomba lenye matundu litakupa nyuzi daima, hata ukiongeza pampu.

Tengeneza mfereji. Boksi la urefu wa mita 1.2, upana sentimita 30, kina sentimita 30, upande mmoja uwe chini kidogo ili maji yafurike upande huo tu. Ukingo wa kufurikia uwe pembe ya alumini au kioo kilichosuguliwa, si mbao, maana mbao ikilowa inajipinda. Bomba la pampu liingie chini kabisa ya boksi, na juu yake laza sponji la godoro la inchi 3 lililobanwa na wavu. Maji yakipanda kupitia sponji yanafika juu yametulia kama maji ya mtungi. Usawa upime kwa mpira mwembamba wa maji, ule wa mafundi ujenzi. Pima maji ya kawaida haitoshi, kwa sababu tofauti ya milimita 2 kwenye ukingo inatosha kufanya upande mmoja uwe mnene na mwingine uchanike.

Kiasi cha maji: yakivuka ukingo kwa unene wa sentimita 1, hiyo ni takriban lita 110 kwa dakika kwa kila mita ya upana. Kwa mita 1.2 tafuta pampu inayotoa lita 130 hadi 150 kwa dakika *kwenye kimo chako*. Namba iliyoandikwa kwenye pampu huwa ni ya kimo sifuri. Ukipandisha maji mita 2.5 inashuka sana, kwa hiyo soma jedwali lake. Chini weka beseni pana linalorudisha maji kwenye simtanki ya lita 500, na mdomo wa kurudishia ufunikwe kitambaa ili mapovu yasizunguke.

Hata hivyo maji yakianguka yanapata kasi na yanakonda. Baada ya mita 1 tu unene umebaki chini ya nusu milimita, na kingo za pembeni zinavutana kuelekea katikati, pazia linakuwa la pembetatu. Funga mishipi miwili ya kuvulia, moja kila upande, imekazwa wima kutoka ukingoni hadi beseni, ili maji yaishike yakishuka. Na ukingo usizidi sentimita 40 juu ya kichwa. Kwa picha ya kuanzia kiunoni kwenda juu inatosha.

Maji yawe ya bomba au kisima baridi, si ya bahari. Chumvi inaua pampu. Mwigizaji asijipake mafuta ya nazi siku hiyo, kwa sababu mafuta yakiingia tangini pazia linaanza kutoboka matundu. Baada ya kupita mara tatu au nne mfululizo mtu anaanza kutetemeka, na kwenye fremu 240 kutetemeka kwa baridi kunasomeka kama woga. Mpumzishe, mfute, mpe chai ya tangawizi.

Boksi likijaa lina maji kilo 108 bila kuhesabu mbao. Lisimame kwenye fremu yake ya mbao za 2 kwa 4 huko uani. MSININGINIZE KITU KWENYE BORITI. Zile boriti ni miti ya mikoko iliyobeba chokaa na mawe kwa miaka mingi, nyingine zimeliwa kwa ndani na hazionyeshi. Na pampu ya umeme karibu na mtu aliyelowa lazima ipite kwenye swichi ya kukata mvujo wa umeme, ya milliampia 30. Bonyeza kitufe chake cha majaribio kila siku kabla hajaingia mtu majini. Isipokata, hakuna kurekodi siku hiyo.

---

pazia_jeusi

Naongezea kwa FundiGata. Pazia likiwa laini kweli linakuwa kioo, litakuonyesha wewe, simu na ukuta wa nyuma yako. Tundika kaniki nyuma ya mwigizaji, na kaniki nyingine nyuma ya kamera, yenye tundu la lenzi tu. Mwanga utoke pembeni, nyuzi 45, usitoke upande wa kamera. Hapo maji hayaonekani kabisa hadi kidole kiyaguse.

Kwenye Ocean Without a Shore, Viola alitumia kamera mbili zilizolinganishwa kwa kioo: moja kuukuu ya ulinzi, nyeusi na nyeupe yenye chenga, na nyingine ya rangi kali. Wafu wanakuja kama chenga. Wakivunja maji wanapata rangi, kisha wanageuka kurudi. Kwa simu moja, fanya kwenye uhariri: nakili klipu, nakala moja iondoe rangi, ishushe hadi 480 kisha ikuze tena, ongeza chenga. Ziunganishe pale ngozi inapogusa maji, kwa mpito wa fremu 8 hadi 12. Mmwagiko unaficha mshono.

---

Bint_Kaole

Ndugu yangu boriti9, umesema watoto wake wamekubali. Yeye bibi je?

Hilo linatangulia kamera. Ridhaa itoke kinywani mwake, akiwa na akili zake timamu, mbele ya mtu anayemwamini ambaye si mwenye kazi. Aelezwe kwa maneno ya kawaida: sura yako itakuwa ukutani, kubwa kama mlango, watu usiowajua watasimama mbele yake, nawe huenda ukawa umeshatangulia. Akikubali leo, aulizwe tena wiki ijayo. Na awe na haki ya kuiondoa hadi jioni ya onyesho lenyewe, haki ambayo yeye akishatangulia inabaki kwa mtu mmoja atakayemtaja. Viola katika Nantes Triptych alimweka mama yake mzazi, yaani alikuwa mfiwa mwenyewe. Wewe si mtoto wa nyumba hiyo.

Mimi naona usimrekodi akikata roho, na mayiti usimguse kwa kamera hata kidogo. Kwetu mwambao maiti inasitiriwa. Wanaoosha ni wachache, na wanachokiona hakitoki nje ya kile chumba. Mtazamaji wa Bagamoyo akiona sura ya mayiti ukutani hatafikiri juu ya kifo chake. Atawaza nani ameruhusu jambo hili, na kazi yote imekufa hapo.

Unavyo vitu vyenye nguvu kuliko uso. Rekodi pumzi yake sasa, akiwa hai: kanga iliyofunika kifua, inapanda, inashuka. Mtu aliyetulia huvuta pumzi mara 12 hadi 20 kwa dakika. Chukua 15: kila pumzi ni sekunde 4, na ikinyooshwa mara 9.6 ni sekunde 38. Kanga ikishashuka, chumba kizima kitasubiri kama itapanda tena, na hakuna atakayehitaji kuambiwa anachotazama. Kisha kitanda cha kamba kilichotandikwa upya. Moshi wa udi. Kisha mikono ya wanawake ikikata sanda, vipande vitano kwa mwanamke, vitatu kwa mwanamume, uso wa mtu haupo.

Na skrini yenyewe ifanye kwa marekani, kitambaa kilekile. Sanda ikikatwa juu ya marekani iliyotundikwa, mtu wa hapa ataelewa akiwa bado mlangoni. Sauti ya kukata sanda irekodiwe karibu, kwa kasi ya kawaida; usiinyooshe, ikinyooshwa inanguruma kama lori.

La mwisho kwa upande wangu: anzeni saa 2 usiku. Isha imeshaswaliwa, giza limekamilika, na hakuna sauti yenu itakayokutana na adhana.

---

waya_mrefu

Wembamba wa chumba si kasoro ya nyumba yako, ndivyo zilivyojengwa: urefu wa boriti ndio ulioamua upana. Usielekeze projekta ukuta wa upande. Tumia zile mita 7.

Uwiano 1.5 maana yake umbali gawanya kwa 1.5 ndiyo upana wa picha. Weka projekta mita 4.5 kutoka kwenye kitambaa: picha ni mita 3 kwa 1.69, pana kuliko chumba. Sasa usitumie picha ya kulala. Hariri picha ya kusimama katikati ya fremu, pikseli 608 kwa 1080, pembeni pote jeusi. Unabaki na picha ya upana wa sentimita 95 na kimo cha mita 1.69. Huyo ni mtu wa kimo cha kweli, amesimama mbele yako chumbani. Unapoteza theluthi mbili za pikseli, na ni sawa. Usijaribu kuilaza projekta ubavu ili uzipate: taa ya kawaida ikilazwa inapoa vibaya na inaweza kupasuka, labda kitabu chake kiseme inaruhusiwa.

Tatizo ni kwamba jeusi la projekta si jeusi, ni kijivu. Pembeni mwa mtu wako patakuwa na mwanga hafifu ukutani. Kata kipande cha karatasi ngumu nyeusi chenye dirisha, kiweke sentimita 15 mbele ya lenzi, kisogeze hadi kijivu kipotee. Kisigusane na tundu la hewa moto.

Marekani itundike mita 2 kutoka ukuta wa mwisho, ili watu waizunguke na kuiona pande zote mbili. Viola kwenye The Veiling (1995) alitundika vitambaa tisa kwa kufuatana, picha ikapita kutoka kimoja hadi kingine ikififia. Tabaka moja la marekani linapitisha mwanga vizuri. Ila anayesimama nyuma ataliona jicho la projekta likimchoma. Ipandishe juu ya vichwa, iinamishe, urekebishe pembe kwenye menyu. Upindo wa chini upitishe nondo ya milimita 8, la sivyo upepo wa bahari utaipeperusha. Vitambaa visimame kwenye stendi zake. Hakuna msumari kwenye ukuta wa chokaa, na kibali cha kutumia jengo lililohifadhiwa kipatikane kwa maandishi. Kibali cha kurekodi na kuonyesha ni Bodi ya Filamu. Nenda mapema.

Umeme. Projekta tatu za wati 300 na vichezeo ni karibu kilowati 1. Ukikatika ghafla, feni zinasimama taa ikiwa ya moto, na ndipo taa zinapokufa. Huhitaji betri za usiku mzima, unahitaji dakika 20 za kuzima kwa utaratibu au kusubiri jenereta. Tumia betri mbili za 12V 200Ah zilizounganishwa kuwa 24V: inveta itavuta ampia kama 49. Kwa betri moja ya 12V itavuta karibu 98, nyaya zitapata moto na betri itaishiwa mapema kuliko hesabu inavyosema. Inveta iwe ya wimbi laini. Vifaa vyote vya sauti na picha viwe fezi moja, ama spika zitavuma.

Kila usiku ziondoe projekta, zifungie kwenye sanduku kavu. Hewa ya chumvi na vumbi la chokaa linalodondoka darini vinaziba vichujio. Vipulize kila asubuhi.

Faili: tengeneza H.264 (nao ni mfumo wa kubana video), megabiti 20 kwa sekunde, weka chenga kidogo kwenye giza ili lisigawanyike mistari. Kama flashi ni ya FAT32 itakataa faili kubwa kuliko GB 4, na dakika 29 tu zinazidi hapo. Ifomati iwe exFAT, kwanza ukihakikisha kichezeo kinaisoma. Na vichezeo vingi vikirudia faili vinaonyesha menyu yake kwa sekunde moja. Hiyo sekunde inaharibu kila kitu. Unganisha marudio yote kuwa faili moja ya saa 3, kama GB 27, ibonyezwe mara moja kwa usiku.

---

boriti9

Asanteni sana, wakuu, na wewe dada Bint_Kaole. Bibi ataulizwa mwenyewe, na skrini ya tatu itakuwa kanga na sanda. Swali lililobaki: pumzi yake inatakiwa isikike vyumba vyote vitatu kwa pamoja, bila chumba kimoja kutangulia. Vichezeo vitatu tofauti vitaendana kwa saa 3?

---

waya_mrefu

Picha hazitaendana kikamilifu, na hazihitaji. Hakuna anayeona vyumba viwili kwa wakati mmoja. Kila saa ya ndani ya kichezeo ina kosa lake: ikiwa ni sehemu 50 kwa milioni, kwa saa 3 ni nusu sekunde, na viwili vikikosea pande tofauti ni sekunde nzima. Kwenye pumzi sekunde nzima inasikika.

Kwa hiyo ondoa sauti kwenye vichezeo vyote. Pumzi itoke laptop moja tu, iende kwenye mikisa, na mikisa itoe nyaya tatu za XLR (nyaya za sauti za mikisa na spika), moja kwa kila spika. Kanga ya skrini ya tatu ndiyo pekee inayolazimika kufuata pumzi, basi picha hiyo nayo itoke laptop hiyohiyo, kwa HDMI. HDMI ndefu ya bei ndogo hukatika picha ikizidi mita 10, kwa hiyo laptop ikae chumba cha tatu na spika za mbali ndizo zifuatwe na nyaya ndefu. XLR haina shida hata mita 30. Spika ziweke chini sakafuni zikielekea ukutani, na nyuma ya kila moja tundika godoro au majamvi mawili, maana chumba cha mawe kinarudisha sauti na pumzi itageuka upepo. Sauti ipime chumba kikiwa na watu kumi. Miili inaimeza, kikiwa kitupu utadhani inatosha.